Kati ya Bahati na Shauri Moyo: Uchawi Usiotabirika na Suala la Wajibu katika Fasihi ya Kubuni

Utangulizi

Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili, uchawi umechunguzwa aghalabu kwa njia mbili. Njia ya kwanza huutazama kama sehemu ya itikadi na mila za jamii inayosawiriwa; mhakiki hueleza mizimu, pepo na hirizi ili msomaji aelewe mazingira ya kazi. Njia ya pili huutazama kama istiari. Mchawi huwa dola, mtaji au ukoloni. Licha ya kutofautiana, njia hizi mbili zinakubaliana juu ya jambo moja bila kulihoji, nalo ni kwamba uchawi ni nguvu inayomtii mwenye kuimiliki. Anayenuia kudhuru hudhuru, na anayenuia kuponya huponya. Makala haya yanaligeukia swali lililofunikwa na makubaliano hayo: je, ni upi wajibu wa mtu anayeita nguvu asiyoweza kuyatabiri matokeo yake?

Swali hili linaangaliwa hapa kutoka mitaa ya mashariki ya Nairobi, yaani Eastlands, na sababu ya kufanya hivyo iko katika majina ya mitaa yenyewe. Kuna mitaa miwili huko, isiyo mbali sana mmoja na mwingine, inayoitwa Bahati na Shauri Moyo. Bahati ni lile linalompata mtu bila ya yeye kulitaka. Shauri la moyo ni lile analoliamua mwenyewe. Hata hivyo, historia imeyatia majina hayo kinaya. Shauri Moyo ulijengwa mwishoni mwa miaka ya 1930, wakazi wa kijiji cha Pangani walipohamishwa ili kijiji chao kibomolewe. Walioingia katika mtaa wenye jina la uamuzi walikuwa watu ambao uamuzi ulikuwa umekwisha kufanywa juu yao. Hoja ya makala haya ni kwamba fasihi ya uchawi usiotabirika husimama au huanguka kimaadili katika nafasi iliyopo kati ya majina hayo mawili. Uzito wake hautokani na kile kilichotokea, wala na nia ya aliyekiita peke yake, bali na swali la nani aliulizwa.

Chuo cha kubuni

Wazo la chuo au madhehebu ya uchawi usiotabirika limepata umbo lake wazi kabisa katika fantasia ya Magharibi ya nusu ya pili ya karne ya 20. Mchezo wa Dungeons & Dragons, uliotolewa Marekani mwaka 1974, huwapa wachezaji wahusika wa kubuni na kuyaacha mengi yanayowafika yaamuliwe na dadu. Mwaka 1991 kitabu kimoja cha mchezo huo, Tome of Magic, kiliongeza aina ya wachawi ambao nguvu zao zenyewe ni za ghasia. Mchawi wa aina hii hutamka maneno yake, dadu hurushwa, na orodha ya matokeo husomwa. Alilolikusudia laweza kutokea, laweza kugeuka, laweza pia kumrudia mwenyewe. Ufundi wake haumo katika kuitawala nguvu, bali katika kuthubutu kuiita.

Chukuliwe, kwa ajili ya mjadala, kwamba mwandishi wa Kiswahili anakibuni chuo cha namna hiyo na kukiweka katika Eastlands ya ulimwengu wa njozi, ndani ya jumba la mikutano lililozungukwa na nyumba zinazotazamana na kugawana kuta. Wanafunzi wa chuo hiki hufunzwa kuiita nguvu, lakini hakuna somo la kuizuia. Siku moja mwanafunzi anatamka neno la kuleta mvua, kwa sababu mifereji ya mtaa imekauka kwa wiki mbili na akina mama wanaamka alfajiri kupanga foleni za mitungi. Mvua haiji. Badala yake, milango ya vyumba kumi katika safu ya nyuma inakuwa ukuta mtupu. Ndani ya chumba kimoja yumo mama aliyekuwa akimwogesha mtoto. Je, mwanafunzi huyu ana hatia?

Majibu mawili hujitokeza haraka. La kwanza ni kwamba hana hatia, maadamu nia yake ilikuwa njema na matokeo hayakuwa mikononi mwake. La pili ni kwamba ana hatia, maadamu mama amefungiwa ndani na ukuta haujali nia ya mtu. Jibu la kwanza linampima mtendaji na kumsahau aliyetendwa. La pili linampima aliyetendwa na kuifanya hatia yenyewe kuwa mchezo wa dadu, kwani mvua ingenyesha, mwanafunzi yuyo huyo, kwa tendo lilo hilo, angesifiwa kuwa mwokozi wa mtaa.

Kuna pia pingamizi la kisanaa linalotangulia yote hayo. Aristotle, katika maandishi yake juu ya ushairi na tamthilia, aliliona lisilowezekana lakini lenye kusadikika kuwa bora katika kazi ya sanaa kuliko liwezekanalo lakini lisilosadikika. Kwa kipimo hicho, uchawi usio na kanuni unaonekana kuiharibu hadithi kutoka ndani: ikiwa lolote laweza kufuata lolote, basi hakuna kisa, kuna orodha tu ya matukio. Pingamizi hili ni zito. Hata hivyo, itaonekana kwamba jibu la kimaadili na jibu la kisanaa ni jibu moja.

Uchawi wa sheria

Ili tatizo lieleweke, yafaa kwanza kuona jinsi mapokeo makuu ya nathari ya Kiswahili yalivyoliepuka. Katika Adili na Nduguze (1952), Shaaban Robert anasawiri ulimwengu uliojaa majini na maajabu, lakini maajabu hayo yana nidhamu ya mahakama. Hasidi na Mwivu wanamtendea ndugu yao uovu. Huria, jini aliyewahi kuokolewa na Adili, anawageuza kuwa manyani. Adili anawajibika kuwapiga kila usiku. Na mfalme Rai anapoingilia kati, msamaha unapatikana kwa utaratibu. Hakuna pigo linalomwangukia asiyestahiki. Uchawi hapa ni mkono mrefu wa haki. Ndiyo maana majina ya wahusika yanaweza kutangaza tabia zao pasipo kuidhuru hadithi: katika ulimwengu ambao nguvu haikosei anwani, jina la mtu na hatima yake ni kitu kimoja.

Muhammed Said Abdulla aliliepuka tatizo kwa kulifuata kutoka upande wa pili. Katika Mzimu wa Watu wa Kale (1960), mauaji yanahusishwa na mzimu hadi Bwana Msa anapoifumbua siri na kuonyesha mkono wa binadamu. Nguvu isiyoelezeka inaondolewa na mahali pake panachukuliwa na sababu. Kwa Shaaban Robert uchawi una sheria. Kwa Muhammed Said Abdulla kuna sheria na hakuna uchawi. Katika hali zote mbili msomaji huufunga ukurasa wa mwisho akiwa na hakika kwamba kila jambo lina mwenyewe.

Hakika ya namna hii haiishi vitabuni tu. Nguzo za umeme na kuta za Eastlands zimebandikwa kwa miaka mingi matangazo ya waganga wanaodai kurudisha wapenzi, kushinda kesi, kupata kazi na kukamata wezi. Jambo la kuzingatiwa katika matangazo haya ni ahadi ya uhakika. Nguvu inaelezwa kama bidhaa ya dukani: tatizo hili, dawa hii, siku kadha. Hakuna mganga anayetangaza kwamba dawa yake huenda ikamrudisha mpenzi au ikakausha kisima cha jirani. Kinachouzwa mtaani ni utabirikaji, na kinauzwa kwa sababu ni adimu. Anayenunua anaishi katika mahali ambapo maji, kazi, kodi ya nyumba na usalama havitabiriki hata kidogo.

Hapa ndipo pengo la mapokeo linapodhihirika. Uchawi wa sheria unaweza kumfundisha msomaji uadilifu, lakini hauwezi kuyasema maisha ya mtu ambaye mapigo yanayompata hayafanani na makosa yake. Fasihi inayomwambia mtu huyo kwamba kila aliyepigwa alistahiki inamwongezea pigo la pili.

Kisichotabirika kwa nani?

Yamkini hatua inayofuata ingekuwa kuusifu uchawi usiotabirika kwa kuwa ndio unaoakisi ukweli wa maisha hayo. Lakini kabla ya sifa hiyo, neno lenyewe linahitaji kuchunguzwa. Kutotabirika si sifa ya tukio kama rangi ilivyo sifa ya kitu. Ni uhusiano baina ya tukio na anayelitazama.

Kisa cha mvuvi na jini katika mkusanyiko wa Elfu Lela Ulela kinalifafanua jambo hili vizuri. Mvuvi anakivua chombo kilichofungwa kwa muhuri wa Nabii Suleiman, anakifungua, na jini anayetoka anatangaza kwamba atamuua. Kwa mvuvi, hili ni jambo la kiholela kabisa. Amemtendea mtu hisani na malipo yake ni mauti. Lakini jini ana maelezo. Karne za mwanzo za kifungo chake aliapa kumtajirisha atakayemkomboa. Karne zilizofuata aliapa kumpa hazina na matakwa. Mwishowe, kwa uchungu wa kungoja, akaapa kumuua. Kilicho bahati mbaya kwa mvuvi ni historia kwa jini. Dadu imekwisha kurushwa zamani, na aliyeirusha anaukumbuka kila mrusho.

Maisha ya Eastlands yanatoa mifano ya aina hiyo isiyo ya njozi. Tarehe 24 Aprili 1954, wakati wa Hali ya Hatari, majeshi ya Waingereza yaliuzingira mji wa Nairobi katika Operesheni Anvil na kuyapekua makazi ya Waafrika; zaidi ya watu 20,000, hasa Wakikuyu, Waembu na Wameru, walipelekwa kizuizini. Katika mchujo wa nyakati hizo walitumiwa watoa habari waliofunikwa magunia yenye matundu ya macho, walioitwa gakunia. Mtu alipitishwa mbele yao, na kichwa ndani ya gunia kikatikiswa au kikatulia. Hakuna mwandishi wa fantasia aliyebuni ishara ya uchawi iliyo fupi au ya kutisha kuliko hiyo. Kwa aliyepitishwa, kutikisika kwa gunia kulikuwa bahati tupu. Kwa ofisi iliyoupanga mchujo, kulikuwa mpango wenye faili, malori na kambi zilizokwisha kutayarishwa. Marjorie Oludhe Macgoye, katika riwaya ya Coming to Birth (1986), anamleta Paulina Nairobi mwaka 1956 kujiunga na mumewe katika Pumwani. Anapopotea njia katika jiji hilo la amri na vibali, msomaji anahisi jinsi mpango wa mmoja unavyogeuka kuwa kizunguzungu cha mwingine.

Mifano ya baadaye inalithibitisha jambo lilo hilo. Vibanda vya Muoroto, karibu na kituo cha mabasi ya mashambani, vilibomolewa Mei 1990. Mei 2020, katikati ya janga la Uviko-19, maelfu ya watu walibomolewa nyumba zao karibu na mitambo ya majitaka ya Kariobangi. Soko la Gikomba limeungua mara nyingi, na katika moto wa Juni 2018 walikufa watu 15. Baada ya kila moto wafanyabiashara wengi wamekuwa wakikataa neno ajali na kuuliza nani anaitaka ardhi ile. Shuku yao yaweza kuwa ya kweli au isiwe. Lakini muundo wake wa kifikra ni wa kale na haustahili kudharauliwa. E. E. Evans-Pritchard, katika utafiti wake juu ya Wazande uliochapishwa mwaka 1937, alieleza kwamba ghala linapoanguka Wazande wanajua fika kuwa mchwa wameila nguzo. Wanachokiuliza ni kwa nini lianguke wakati huu, juu ya watu hawa. Imani ya uchawi, kwa maana hiyo, ni ukatavu wa kukubali sadfa.

Kutokana na hayo, hatari ya kimaadili ya chuo cha kubuni inabainika. Fantasia inayoyafanya mapigo yote kuwa ya dadu inaweza kuwatendea wenye nguvu hisani wasiyoiomba. Inaligeuza tingatinga kuwa radi. Msomaji anafundishwa kuustaajabia ukuta ulioziba mlango, na kwa kustaajabu anaacha kuuliza nani alitamka neno. Kutotabirika kunakuwa pazia, na nyuma ya pazia kuna mtu mwenye historia ndefu kama ya jini.

Mchawi, mganga na anayeulizwa

Lugha ya Kiswahili ina msamiati unaoweza kulitatua fundo hili. Kiswahili hutenganisha uchawi na uganga. Tofauti hii haimo katika vifaa, kwa kuwa mzizi ule ule, kombe lile lile na maneno yale yale yaweza kutumiwa na wote wawili. Kwa kawaida husemwa kwamba tofauti imo katika nia: mchawi hudhuru, mganga huponya. Lakini katika chuo cha uchawi usiotabirika maelezo haya hayatoshi. Mwanafunzi aliyeita mvua alinuia kuponya na akadhuru. Ikiwa kigezo ni nia, yeye ni mganga na mama aliyefungiwa hana la kusema. Ikiwa kigezo ni matokeo, yeye hana jina mpaka dadu itue.

Ipo tofauti nyingine, isiyotajwa sana na wahakiki. Mganga hufuatwa. Mgonjwa au jamaa zake hubisha hodi, hueleza shida, huambiwa masharti, hukubali au hukataa. Mchawi huja usiku, na anayetendewa hana habari. Tofauti hii hudumu hata pale nguvu inapokuwa haitabiriki, na ushahidi wake uko katika uganga wa pepo wa pwani. Pepo ni mfano wa nguvu isiyotii: hupanda kichwani itakapo, hutaka itakavyo, na mganga hawezi kuiamuru tu. Anachokifanya ni kuisemesha. Katika kilinge, mbele ya jamaa na mashahidi, pepo huulizwa jina lake, huulizwa inataka nini, na jamaa huulizwa kama wataweza kulipa. Na aliyepagawa aweza, baada ya muda, kuwa mganga mwenyewe. Hiki ndicho chuo cha kweli cha nguvu isiyotabirika katika ulimwengu wa Waswahili, na mtaala wake wote umejengwa juu ya kuuliza. Haidaiwi hapa kwamba uganga huo huponya kitabibu, wala kwamba haujawahi kutumiwa kwa ulaghai. Linalodaiwa ni kwamba umeitambua kanuni: mahali ambapo matokeo hayajulikani, ridhaa ya atakayeyabeba huchukua nafasi ya hakika.

Methali isemayo mchawi mpe mwana kulea inaelekea huko huko. Kwa juu yaonekana kuwa wazimu, kwani hakuna amfichiaye fisi nyama tumboni mwake. Lakini hekima yake ni kwamba nguvu ya kutisha haidhibitiwi kwa kufukuzwa, bali kwa kufungwa na uhusiano wa hadharani. Aliyekabidhiwa mtoto mbele ya watu atatakiwa amrudishe mbele ya watu.

Kwa kigezo hiki kazi kadhaa za Kenya husomeka upya. Ngũgĩ wa Thiong'o, katika Mũrogi wa Kagogo, iliyoanza kutoka kwa Kikuyu mwaka 2004 na kwa Kiingereza mwaka 2006, anasimulia jinsi Kamĩtĩ, akikimbia polisi pamoja na Nyawĩra, anavyoweka alama ya uchawi nje ya nyumba ili kuwatisha wanaomfuata. Uchawi huo ni wa kubuni kabisa. Lakini unamponyoka mbuni wake: polisi aliyemkimbiza anarudi akiwa mteja, na baada yake wanafuatana wengine wengi. Kinachomwokoa Kamĩtĩ kimaadili ni kwamba uganga wake, unapotazamwa kwa makini, ni kuuliza. Anamweka mtu mbele ya kioo na kumfanya aseme anachokitaka. Nguvu hiyo haitabiriki, lakini hakuna anayeangukiwa nayo pasipo kubisha hodi.

Kinyume chake ni P.P. katika Bina-Adamu! (2002) ya Kyallo Wadi Wamitila. Msafara wa mhusika mkuu unamfichua P.P. kuwa Peter Pan, yule mtoto wa fasihi ya Kiingereza asiyekubali kukua. Wamitila ameona barabara kwamba ubaya mkubwa wa nguvu ya kimataifa huenda usiwe chuki. Ni mchezo. Mtoto mwenye ulimwengu mikononi hahitaji kumchukia yeyote ili amwangamize. Inatosha kwamba hajawahi kufikiri kuwa vitu anavyochezea vina uwezo wa kuulizwa. P.P. ni mhitimu kamili wa chuo cha dadu.

Pingamizi na jibu lake

Yaweza kupingwa kwamba kigezo cha kuuliza kinadai lisilowezekana. Kwanza, hakuna anayeweza kuwauliza wote watakaoguswa na tendo lake. Anayewasha jiko katika safu ya nyumba za mabati anawatia majirani katika hatari, na hapiti mlango hadi mlango kuomba ruhusa. Pili, wapo ambao nguvu huwapata pasipo kuitwa. Mwandishi aweza kumsawiri mtoto wa Jericho au Makongeni aliyezaliwa na uchawi mwilini, ambao hulipuka anapoogopa. Huyo hakumuuliza mtu kwa kuwa naye hakuulizwa.

Pingamizi la kwanza linajibika kwa kiasi. Jiko ni hatari ya pamoja: kila jirani analo lake, kila mmoja humhatarisha mwenziwe na kuhatarishwa naye, na desturi za ujirani zimekwisha kuyajibu maswali ambayo hayaulizwi kila asubuhi. Hali ya mwanafunzi wa chuo ni nyingine. Yeye na walimu wake wamo ndani ya jumba, na milango inayoziba ni ya watu wengine. Pale ambapo hatari inakwenda upande mmoja na heshima upande mwingine, ukimya wa jirani hauwezi kuhesabiwa kuwa ridhaa. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu: mtihani wa chuo ni kama kingefanya mazoezi yale yale kwenye mtaa wanakoishi walimu.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi, na linahitaji msaada wa falsafa. Mwaka 1976 Bernard Williams na Thomas Nagel walilijadili suala la bahati ya kimaadili, yaani jinsi hukumu za kimaadili zinavyoelekea kutegemea mambo yasiyo katika uwezo wa mtendaji. Williams alitoa mfano wa dereva wa lori ambaye, pasipo kosa lake, anamgonga mtoto. Watu watamfariji na kumwambia hana hatia, na watasema kweli. Lakini angeipokea faraja hiyo upesi mno na kuendelea na safari yake kana kwamba ni mtazamaji tu, wale wale waliomfariji wangemtilia shaka. Kuna deni ambalo si hatia, lakini ni deni.

Kiswahili kina neno moja kwa mambo haya mawili. Kuulizwa ni kutakiwa rai kabla ya jambo. Kuulizwa pia ni kutakiwa jawabu baada ya jambo. Katika mafundisho ya Kiislamu mchunga huulizwa juu ya alichokichunga, na hapo hakuna anayeelewa kwamba ataombwa ushauri. Maana hizi mbili si sadfa ya msamiati. Zinaunda kanuni kamili: asiyeweza kuuliza kabla, hana budi kukubali kuulizwa baada. Mtoto wa Jericho hana hatia ya mlipuko, lakini hadithi yake inakuwa hadithi ya kimaadili pale anaporudi kwenye nyumba iliyoungua, anasimama mlangoni na kuwaacha wenyewe waseme. Mwanafunzi wa chuo ana wajibu wa mara mbili, kwa kuwa angeweza kuuliza kabla na hakuuliza. Na ofisi inayobomoa usiku, isiuulize mtaa kabla, isikubali kuulizwa baada, haina hata udhuru wa dadu.

Hapa pia pingamizi la kisanaa linapata jibu lake. Kinachoifanya hadithi iwe hadithi si kutabirika kwa nguvu, bali kuwapo kwa kumbukumbu. Matukio yanaweza kuanguka bila mpangilio; ikiwa wahusika wanaulizana juu yake, uhusiano unazaliwa baina ya tukio na tukio, na kisa kinapatikana. Orodha ya dadu si hadithi kwa sababu hakuna anayerudi. Ukurasa unafunuliwa, mrusho mwingine unafanywa, na mama aliye ndani ya ukuta anasahauliwa na mwandishi kabla ya kusahauliwa na mchawi.

Hitimisho

Imebainika kwamba uchawi usiotabirika haufuti wajibu katika fasihi, unauhamisha. Pale ambapo uchawi una sheria, wajibu umo katika stahili ya anayepigwa, kama ilivyo katika Adili na Nduguze. Pale ambapo sheria hiyo haipo, wajibu unahamia kwenye mahusiano baina ya anayeita nguvu na anayeangukiwa nayo, na hupimwa kwa maswali mawili: nani aliulizwa kabla, na nani anakubali kuulizwa baada. Mhakiki anayekabiliwa na kazi ya aina hii ana kigezo anachoweza kukitumia kwenye matini yenyewe. Ahesabu ni kurasa ngapi zimepewa waliotamka na ni ngapi zimepewa waliofungiwa. Aangalie kama walioangukiwa wana majina, sauti na nafasi ya kuhoji, au ni idadi tu katika maelezo ya ustadi wa wachawi.

Katama Mkangi aliupa ulimwengu wake wa kubuni jina la Walenisi katika riwaya ya mwaka 1995, na jina hilo likitenganishwa husomeka kuwa wale ni sisi. Kuna mafunzo ya kihakiki katika utengano huo. Chuo chochote cha njozi, hata kikiwekwa mbali kadiri gani, kina mtaa nje ya dirisha lake, na walio mtaani hawakujiandikisha. Waandishi wanaokua leo Eastlands, kati ya mtaa wa Bahati na mtaa wa Shauri Moyo, wana haki ya kuibuni nguvu isiyo na hatamu. Mazingira yao yamewapa maarifa mengi juu yake. Wakati huo huo wana sababu, kuliko wengi, ya kutoiachia nguvu hiyo iitwe bahati kabla ya kuuliza ilikuwa shauri la moyo wa nani.